Nilivyowapitia Wafu kwa Kamba ya Mgomba

Hebu niambie, wewe ukipita mahali watu wanapopaogopa, unakaza mwendo au unapunguza? Mimi napunguza. Usinicheke, ni kweli. Wenzangu walikuwa wakifika kule bondeni wanakimbia mpaka maji ya mtungi yanawamwagikia mgongoni, mimi naenda taratibu kama niko gulioni nachagua maharage. Na usifikiri ni ushujaa. Mwaka ule sikuwa na kitu ndani cha kuogopea.

Ngoja nianze vizuri, maana nikicheka mapema nitachanganya mambo.

Nilikuwa nimeolewa Kaisho, chini kabisa, upande ule unaoshukia mto Kagera. Ilikuwa baada ya vita ile kubwa ya pili, wanaume wengine wamerudi na makoti ya jeshi, wanalimia nayo. Mume wangu hakwenda vitani, alikwenda Buganda kufanya kibarua kwenye mashamba ya watu. Nikabaki na mama mkwe. Nikajifungua mtoto wa kiume, wa kwanza. Akakaa siku tatu. Hatujamtoa nje aonwe na watu, hajapewa jina, akaondoka.

Kwetu wakati ule, mtoto wa namna hiyo mama yake haonyeshwi alipolazwa. Wanawake wazee wanamchukua, wanarudi, wananawa mikono, basi. Walisema mama akipaona tumbo linafunga, hazai tena. Nikalala ndani nasikia jembe linachimba huko nje, sijui ni upande gani. Niliuliza? Sikuuliza. Nilipewa uji nikanywa.

Haikupita miezi miwili ikaja amri ya serikali, ya Mwingereza. Mbung'o wamejaa, malale yanamaliza watu, kila mtu wa bondeni apande juu mlimani. Tukaacha kibanja chetu, nyumba na shamba lake, migomba imesimama na mikungu yake. Kabla ya kuondoka, wanaume wa ukoo walizunguka kwenye makaburi ya wazee na kibuyu cha rubisi, ile pombe yetu ya ndizi, wakamwaga kidogo kidogo wakisema, "Tunahama, tunakwenda juu, mjue tulipo." Maana mfu ukimhama bila kumwambia anabaki anakutafuta. Na ndiyo maana bonde lile likaogopwa, walisema wako wengi ambao hawakuambiwa.

Mimi huko juu nikawa kama mguu ulioukalia mpaka ukafa ganzi. Natembea nao, lakini si wangu. Nachota maji, napika, nalima. Siku moja nilishika chungu kimetoka motoni, kwa mikono miwili, nikakitua chini polepole. Aliyepiga kelele ni mama mkwe. Mimi niliyaangalia malengelenge yanavyoota kama yanaota kwenye mikono ya jirani. Wanawake wakasema, "Huyu ana roho ngumu, hata mtoto wake hajamlilia." Hawakunisingizia. Sikulia.

Basi asubuhi moja mama mkwe akaniita. Mguu wake mmoja ulikuwa umevimba, hata kwenda jikoni alikuwa anajivuta.

"Mkamwana, kaa hapa. Kuna mtu hatukumwambia kwamba tumehama."

"Nani, mama?"

Akalitazama tumbo langu. Nikajua.

"Wanaume walisema yule hana jina, watamwitaje? Wakampita. Mguu wangu huu siendi nao tena popote. Wale wazee wawili tuliomlaza nao wamekufa, wote kwa malale. Nikifa mimi hakuna tena anayejua alipo. Utakwenda wewe."

"Lakini tumbo, mama, walisema..."

"Tumbo litajijua! Mimi wa kwangu aliyekufa hivyo hivyo sikuonyeshwa alipolazwa. Na kila nilipolima kibanja kile, miaka yote ile, nilikuwa naogopa jembe langu litampata. Unataka uje uishi hivyo?"

Sikujua kama nataka au sitaki. Nikasema, "Nitakwenda."

Wa kunisindikiza hakupatikana. Shemeji yangu mmoja, mwanamume mzima mwenye ndevu, alisema ana mafua. Kwa hiyo mama mkwe akachuna kamba kwenye mgomba, akaifunga mafundo sita, akaniweka chini kama anafundisha mtoto kuhesabu. Kila fundo ni mahali pamoja, na mwenyeji wake. Nilirudia mpaka nikaweza. Akanipa na kahawa zetu za kutafuna, zile zilizochemshwa na kukaushwa anazopewa mgeni.

"Kila fundo weka kahawa, useme wewe ni mkamwana wa nani. Wenyewe wanapenda kuheshimiwa. Ukipita kimya watakuuliza kwa namna yao."

Njiani nikakutana na wanawake wanatoka kukata majani ya kuezekea.

"Unakwenda wapi peke yako?"

"Bondeni."

"Na nani?"

"Na kamba." Nikawaonyesha.

"Aka! Mnaona? Si tulisema uzazi umempanda kichwani?" Mwingine akasema, "Ukimkuta marehemu shangazi yangu umwambie lile sinia lake sikuiba mimi!" Wakacheka mpaka majani yakawaanguka kichwani. Leo nikikumbuka nacheka kuliko wao. Siku ile niliwapita tu.

Fundo la kwanza lilikuwa la mfua chuma. Palikuwa na kichuguu cheusi cha masalia ya chuma, nyasi hazioti juu yake. Walisema enzi za wafalme wa zamani alikuwa akifua majembe na mikuki ya ikulu, na alipozeeka wakamuua ili asije akamfulia mfalme mwingine. Ukipita unasikia nyundo. Nilisimama nikasikiliza sana. Nikasikia nyuki. Nikaweka kahawa, nikasema mimi ni mkamwana wa nani, nikaondoka.

La pili, chemchemi. Hapo alifungwa msichana aliyebeba mimba kabla ya kuolewa, akaachwa chini ya mawe, hiyo ilikuwa adhabu yao zamani. Wanasema ukiinama kuchota anakuuliza, "Ni wewe, mama?" Nikainama. Nikangoja. Nilikuwa nimeshaandaa jibu, kwamba hapana, mimi siye, lakini hata mimi natafuta wa kwangu. Hakuniuliza. Nikanywa maji yake, maji mazuri, ya baridi wanasema. Mimi sikuyasikia kama ni ya baridi au ya moto.

La tatu, zizi. Zamani za babu zetu ng'ombe wote waliingiwa na ugonjwa, wakafa zizi zima, na mwenye ng'ombe akakaa katikati yao akakataa kutoka. Wakamkuta naye amekufa, amekumbatia shingo ya ng'ombe. Mpaka siku ile niliyopita mimi mifupa ilikuwa bado ipo, myeupe, na wachungaji walikuwa wanazungusha mifugo mbali kwenye rweya, yale majani matupu, wasipite hapo. Yule mzee nilikaa naye kidogo. Nilimwelewa, sijui kwa nini.

Sasa sikiliza, hapa ndipo nilipoharibu.

Fundo la nne lilikuwa lango la kibanja chetu, kule mbele, njia inapoingilia. Mama mkwe alikuwa amenihesabia kila kitu kuanzia hapo: ukiingia langoni, mkono wa kulia, baba mkwe wako. Kutoka kwake hatua saba mkono wa kulia tena, mtoto. Lakini kutoka zizini kwenda langoni palikuwa pameziba miiba mitupu. Nikasema ya nini kuchanika? Nikashuka kwa chini, nikaingilia nyuma, katikati ya migomba. Fundo la nne nikaliruka, nikasema nitalisalimia nikitoka.

Migomba ilikuwa imegeuka msitu, makoti ya majani makavu mpaka chini. Nikashika mkono wangu wa kulia. Nikaona mgomba mmoja mnene na udongo umeinuka, nikasema huyu ndiye baba mkwe. Nikapiga magoti nikasalimia vizuri sana, nikaweka kahawa. Nikahesabu saba. Kweli nikakuta mahali pamebonyea, nyasi zimeota laini. Nikakaa.

Nilikaa muda mrefu. Nikamwambia, "Ni mimi, mama yako. Tumehama, tuko juu, kutoka nyumbani unaona moshi wa watu wa ng'ambo. Baba yako yuko Buganda, hajakuona, lakini alitumiwa habari. Bibi yako mguu unamuuma." Nikamweleza na nyumba mpya ilivyo, mlango unaangalia wapi. Nikamweleza mpaka habari ya kile chungu. Nilisema yote, ndugu yangu, mpaka nikaishiwa. Nikangoja kulia. Nikala ndizi yangu ya kuchoma. Kilio hakikuja, jua likaanza kugeuka, nikainuka nikarudi.

Mama mkwe alikuwa amekaa mlangoni tangu asubuhi.

"Umemwona?"

"Nimemwona."

"Lango ulilikutaje?"

"Langoni palikuwa na miiba, mama. Niliingilia nyuma."

"Nyuma!" Akajishika kichwa. "Kwangu? Nyuma, kama mwizi wa ndizi? Na mkono wa kulia ukashika wa wapi?"

"Huu hapa."

Akachora chini kwa kidole, lango hapa, nyumba hapa, migomba hapa. "Hapo ulipokaa pakoje?"

"Pamebonyea. Parefu kama mtu kulala."

"Mkamwana." Sauti ikaanza kumtetemeka. "Mkamwana wangu, hilo ni shimo langu la kuivishia ndizi za pombe!"

Akaanza kucheka. Alicheka yule mama, akapiga ule mguu wake mbovu, akalia, "Mama wee!" akacheka tena. "Na mume wangu umemsalimia wapi?"

"Kwenye mgomba mnene."

"Umempigia mgomba magoti! Mwenyewe yuko upande wa pili anakungoja na njaa ya kahawa, na shimo la pombe limepewa siri zote za ukoo!"

Nilifungua mdomo nicheke naye, kwa heshima tu. Haikutoka. Akaona. Akajifuta macho kwa kanga.

"Utarudi?"

"Nitarudi."

Nikarudi kesho kutwa yake, na panga. Nilifyeka miiba ile tangu umande haujakauka mpaka jua kichwani. Mikono ikachanika, damu inatoka, naiangalia. Langoni nikakuta ile miti ya mpaka, miramula miwili iliyopandwa na babu wa mume wangu, imekatika lakini imechipua. Nikasimama katikati yake nikasalimu kama mtu aliyefika kwa watu. Nikaenda mkono wa kulia. Baba mkwe nikamkuta, kaburi lake zuri, limezungushiwa mawe, nikamwomba radhi kwa habari ya mgomba. Nikahesabu saba.

Palikuwa na jiwe la kusagia, nusu yake, lile lililovunjika zamani. Mama mkwe hakuwa ameniambia. Alikuwa ameliweka juu yake ili jembe la mtu yeyote ligonge jiwe kwanza.

Nikaweka kiganja. Lilikuwa limekaa kivulini siku zote hizo, na lilikuwa baridi. Nikashtuka nikautoa mkono, nikauangalia, nikaurudisha. Baridi kweli. Basi, ni hilo tu. Usingojee nikuambie nililia, sikulia hata siku hiyo. Na maneno sikuwa nayo, yote nilikuwa nimeyamaliza kwenye shimo la ndizi. Nikasema tu, "Tumehama. Tuko juu. Ni mimi." Nikaweka kahawa, nikakaa mpaka kiganja kikapoa chote.

Kucheka kulinirudia baadaye sana, na hakukunipigia hodi. Nilikuwa nachambua maharage, nikakumbuka shemeji yangu na mafua yake, nikasikia mtu anacheka, kumbe ni mimi. Na tumbo halikufunga, nilizaa watano. Mama mkwe alipokufa nikawa mimi peke yangu ninayejua, nikawa naenda kila mwaka kiangazi, napita kwa mfua chuma, kwa msichana, kwa mzee wa ng'ombe, nawasalimu, tumezoeana sasa kama majirani. Mbung'o walikwisha, watu wakarudi bondeni, wanalima. Jiwe lipo bado. Lakini magoti yangu yamegoma, huu mwaka wa nne sijaenda, na wanangu nikiwaambia wananijibu, "Mama, mtoto yuko mbinguni, waachie malaika." Sikatai. Lakini jembe haliendi mbinguni, linalima hapa hapa.

Juzi amekuja mjukuu wangu, mtoto wa binti yangu wa mwisho, anafanya kazi ofisini Rubwera. Nikamsimulia kama ninavyokusimulia wewe. Nilipofika kwenye shimo la ndizi alicheka akaegemea ukuta.

"Bibi, kwa hiyo huyo kwangu ni mjomba?"

"Ni mjomba wako mkubwa kabisa."

"Mjomba wa siku tatu."

"Ndiye huyo huyo. Usimdharau."

"Simdharau, Bibi." Akanishika hii mikono, akaigeuza, akaangalia makovu ya miiba. Akasema, "Jumamosi nakwenda nipajue. Na siku utakayohama wewe, mimi mwenyewe nitakwenda kumwambia mjomba umehamia wapi."