Kamba Mbili za Mfaransa

Skuli nilikaa madarasa mawili, na la pili nililimaliza kwa kuwa mwalimu hakuniona nikitoroka. Kuandika huku nimejifunza mwenyewe ukubwani, kwenye makaratasi ya kufungia sukari. Basi asinisahihishe mtu.

Mwaka ninaousema ni mwaka wa siasa, kabla ya uhuru. Aljeria walikuwa wakipigana na Mfaransa, na sisi wa Ole, Pemba, tukipigana wenyewe kwa wenyewe bila ya bunduki. Vyama viwili vilitupasua kama nazi. Mwenye duka akiwa wa chama kile, wa chama hiki hanunui kwake hata kiberiti. Kisima kimoja kikawa na ndoo mbili. Watu wakaacha wake, wakasusiana maiti. Ukipiga chafya, jirani huuliza kwanza una kadi gani, ndipo akuombee rehema.

Kilichotukusanya ni kimoja tu: vita vya wenzetu. Mwenye redio pale kwetu alikuwa mmoja, tena ndiye baba wa msichana niliyemtaka. Kila alasiri aliiweka barazani, wa chama chake wakakaa kulia, sisi kushoto, tukasikiliza khabari kutoka Misri. Mfaransa akipigwa, baraza zima hushangilia kwa kinywa kimoja. Redio ikizimwa, tunakumbuka kwamba hatusemezani.

Mzee yule alikuwa na mashamba, na ndiye mkubwa wa chama chake. Mie mchumaji karafuu, wa chama cha pili. Wazee wangu walipeleka posa mara mbili, ikarudi mara mbili. Mara ya tatu nikaenda mwenyewe, jambo asilolifanya mtu mwenye haya.

"Rudisha kadi, nikupe mke," akanambia.

"Ami, kadi sirudishi."

"Basi kaioe hiyo kadi."

Wiki ile ile msichana akanitumia shangazi yake na maneno: kuna bwana wa mjini Chake, wa chama cha babake, atakuja kutazama mchezo wa ng'ombe, na mchezo ukisha atapeleka posa. Nikajua posa ya huyo haitarudi kama zangu.

Mchezo wa ng'ombe ni wetu Pemba tangu enzi. Dume hufungwa kamba, zumari likalia, vijana wakamchokoza kwa kitambaa, na wanawake wakawaimba waoga hadi watamani kuhama. Dume la mwaka ule lilikuwa jekundu na korofi, watu wakaliita Mfaransa. Kamba yake siku zote huwa moja, na wenye nguvu wote huishika pamoja. Lakini mwaka ule nani atashika kamba moja na nani? Wakafunga mbili. Chama hiki upande huu, chama kile upande ule.

Mfaransa akaruka mara ya kwanza, kamba zikamshika. Akaruka mara ya pili, upande wetu ukapiga kelele, "Vuteni nyinyi, zamu yenu!"

"Zamu yetu tumeshavuta! Vuteni nyinyi!"

Kila mmoja akalegeza ili mwenziwe achoke. Wallahi, wote wakaachia kwa pamoja!

Mie sikukimbia kwa woga. Nilikimbia kwa akili, nikapanda mkarafuu uliokuwa karibu. Nilipotazama chini, nani aliyening'inia kwenye tawi, kanzu imefika magotini, kofia imeanguka? Mzee wa redio. Mfaransa alikuwa chini yake, anaitafuna ile kofia polepole kama anayeonja.

Mkarafuu una matawi mepesi kuvunjika. Anayeyajua ni mchumaji, si mwenye shamba.

"Hilo usikanyage, Ami! Litakatika! Mguu weka hapa, penye shina. Nipe mkono."

"Una hakika, wee?"

"Mikarafuu yako mwenyewe, Ami. Kumi katika hiyo nimeichuma mie."

Nikamvuta. Tukakaa bega kwa bega, tunahema. Kule njiani tukamwona bwana wa Chake anakimbia kuelekea kwao, kiatu kimoja mguuni, hageuki nyuma.

"Yule ndiye mkwe wangu?" mzee akauliza.

"Ndiye, Ami. Wa chama chako."

Akamtazama mpaka akapotea njiani. Kisha mabega yakaanza kumtikisika, akacheka, mti mzima ukatikisika naye.

"Usicheke, Ami, tutaanguka!"

"Hebu niambie," akasema huku anafuta machozi, "tawi hili la chama gani?"

"Linalobeba, Ami, usiliulize."

Baadaye watu walisema nilimtisha kwamba simshushi mpaka anipe binti. Uongo mtupu. Fikra hiyo ilinijia, sikatai, lakini kabla sijafungua kinywa alishasema mwenyewe.

"Wazee wako waje kesho. Kadi yako bakia nayo. Lakini barazani kwangu, mkwe usiwe mkwe, utakaa kushoto."

Mfaransa alipochoka na kofia akarudi zizini peke yake, anakokota kamba mbili, na hakuna hata mmoja, wetu wala wao, aliyethubutu kuigusa hata moja. Kesho yake wazee wangu walikwenda, na posa haikurudi. Nikakaa kushoto miaka mingi, nikinywa kahawa iliyopikwa na mke wangu, na Mfaransa alipopigwa Aljeria nilishangilia kuliko wa kulia wote.