Muuguzi wa Mstari wa Pili

Kazini walimwita Mama Siki, naye hakuchukia. Mikanda ya zamani ya filamu ikianza kuoza hutoa harufu kali kama ya siki, na harufu hiyo ilikuwa imemshika mwilini hata mumewe akawa anamtania kwamba siku ya harusi hakuambiwa anaoa chupa.

Chumba chake kilikuwa chini kabisa ya jengo la hifadhi ya filamu, hakina dirisha, makopo ya bati yamepangwa mpaka darini. Alifungua kopo, akausafisha mkanda kwa pamba, kisha akaupitisha kwenye mashine ya kuuingiza kwenye kompyuta ili watu wautazame mtandaoni. Mgongo ulimuuma. Lakini kilichomchosha zaidi ni kwamba mikanda ilioza upesi kuliko alivyoweza kuiwahi.

Mwaka huo mkurugenzi aliutaka mkanda wa ufunguzi wa hospitali kuu, kwa ajili ya hotuba ya mgeni rasmi iliyorekodiwa humo. Mama Siki alipoufungua alikuta umeganda kama kipande cha sabuni. Aliubembeleza mpaka vidole vikafa ganzi. Tabaka za nje zikakubali kufunguka, halafu mkanda ukakatika. Hotuba ilibaki ndani ya donge. Kilichopona ni kipande kifupi tu: wauguzi wamejipanga uani, wanasubiri, jua linawapiga.

Mkurugenzi akamuuliza hicho nani atakitazama. Mama Siki hakuwa na nguvu za kubishana. Akakiweka mtandaoni, akarudi kwenye makopo yake.

Miezi ikapita, wakaja kaka na dada, wote watu wazima. Kaka, fundi cherehani, alieleza kwamba mjukuu wake alimwonyesha kipande hicho kwenye simu, naye akamtambua mama yao mstari wa pili. Mama huyo alifariki akimzaa huyu dada, na picha zake zote ziliteketea nyumba ilipoungua. Dada hakuwahi kuiona sura yake mpaka juzi, tena kwa udogo wa kucha.

Mama Siki akawawashia kipande hicho kwenye kioo kikubwa cha kompyuta. Muuguzi mwembamba anajikuna shingo, anamnong'oneza mwenzake, wanajizuia kucheka. Kisha basi.

"Anasema nini?" dada akauliza.

"Hapa hapana sauti, mwenzangu. Walirekodi sauti ya hotuba tu."

"Na kinachofuata?"

"Kimeganda. Nilijaribu, nikashindwa."

Dada akavuta kiti karibu. "Basi rudisha."

Akarudisha, tena na tena. Kaka alitoka nje kujipangusa uso. Dada hakubanduka, mkono wake ulikuwa umepanda shingoni, ukijikuna palepale. Walipoondoka, Mama Siki aliwapa nakala, akakaa kidogo bila kufungua kopo lolote.

Jioni mumewe alimuuliza tena atastaafu lini. Akajibu kwamba hajui. Makopo ni mengi, na mengi yatamshinda. Mume akaenda kumtengea maji ya kuoga. Aliporudi kumwita alimkuta amelala kitini, akainama kumvua viatu taratibu, asimwamshe.