"Kata," Aliniambia

Tangu jana namkwepa mama mkwe humu humu ndani, rafiki yangu Kabeza.

Nilimpigia mume wangu, aliyeko kazini Dodoma, anielekeze kukata waya wa chuma wa kuanikia nguo. Ningeukata mwenyewe, nilitaka tu sauti yake. Nikaweka simu kwenye spika, mama yake akashika ncha ya pili.

"Zungushia utepe kwanza, nyuzi zisifumuke," mume wangu akasema.

Nikazungusha polepole, nisimalize mapema.

"Tayari? Haya, kata."

"Nikate? Hata hujaniuliza nalalaje kitanda kizima peke yangu. Nakukumbuka hadi nanusa mashati yako, wewe unataka nikate simu?"

Mama mkwe akakohoa, akanisogezea koleo.

"Waya, mwanangu. Anasema ukate waya."