Mama alinililia nikiwa mzima, nami nikarekodi

Admin, nifiche jina, tena lifiche kabisa. Mimi ni mwanaume wa miaka thelathini na tatu, naishi Lubumbashi na mama yangu, mjane anayeuza samaki wakavu wa Kasenga. Natengeneza filamu za kutisha kwa simu. Hazina hadithi, ni vivuli na sauti tu. Miaka kumi naonyesha kwa watu ishirini katika gereji ya rafiki upande wa Katuba, na mtaani wananiita muchawi wa video. Sikuwahi kujali.

Mwaka huu nilitaka kilio cha kweli. Adhuhuri moja nikatoa viti vyote sebuleni, nikatandika mkeka kama nyumba yenye msiba, nikamwomba mama aketi.

"Mama, mulie tu sawa vile banaliaka ku kilio."

"Nilie nani?"

"Muntu yote. Jina yenye itakuja."

Alianza polepole, akijifunga kitenge kiunoni. Kisha likaja jina langu. Jina langu kamili, lile alilonipa babu. "Unaniacha na nani?" alilia, dakika kumi na moja bila kupumzika. Nilipaswa kumzuia. Nilisogeza simu karibu zaidi, na nakiri kwa aibu kwamba nilifurahi.

Alirudisha viti mwenyewe. Tangu siku ile akaniita "we" tu, hata mbele ya wageni. Nilipomuuliza alisema, "Muntu muzima habamulilie. Nikiita ile jina sasa, nani atanijibu? Ile film uiefasé."

Nikamwonyesha simu tupu, nikaapa nimefuta. Nakala iko kwenye kompyuta. Jioni ileile aliniita kwa jina, akacheka, akanipikia bukari, ugali wetu, na majani ya sombe kama mtu aliyetoka safari. Nilikula nikiwa na uongo wangu tumboni.

Sasa tamasha moja la nje limeikubali filamu, mwaliko wangu wa kwanza. Nilijaribu kuweka sauti ya mama mwingine, ikawa kama tangazo la sabuni. Bila kilio cha mama hakuna filamu.

Lakini kuna jambo linanitesa zaidi. Wakati wa kuihariri filamu nilisikiliza kile kilio mara nyingi mno, na siku hizi mama akiniita jikoni nasikia yule wa kwenye mkeka. Jumapili aliniita nile. Sikuitika, mwili ulikataa. Akaita tena. Mara ya tatu sauti ikakatika, sahani zikaanguka, akaja mbio akanishika kifuani kutafuta moyo.

"Juu ya nini haukuitika?"

Nilikwenda jikoni kuokota sahani. Nikifuta, miaka kumi yangu imekwenda bure. Nikiionyesha, watu wageni watamsikia akinizika, na yeye anaamini haipo tena.

Ndugu zangu, nipeni mawazo, nifanye nini? Tamasha linataka jibu leo. Na mama ananiita sasa hivi, mara ya pili, bado sijaitika.