Miti Iliyokataa Kuwa Myeupe

Kuna mti ambao kazi yake ni kuwa mweupe, basi. Hauzai tunda la kuliwa, kivuli chake hakimtoshi hata paka, na kuni zake, kama ungeruhusiwa kuukata, zingechemsha chai ya mtu mmoja. Hapa Sydney wanauita silver birch. Kiswahili hakikuhangaika kuupa jina, nami sikilaumu. Mume wangu aliutaka mti huo kuliko alivyowahi kutaka gari.

Ulikuwa mwaka wa pili wa corona, tulipofungiwa upya. Tunaishi Quakers Hill, magharibi mwa jiji, na sisi wa magharibi tulifungiwa kufuli letu peke yetu. Helikopta ya polisi ilizunguka juu ya mapaa yetu, huku kwenye televisheni tukiwaona watu wa ufukweni wakitembeza mbwa na kunywa kahawa. Mimi ni muuguzi katika nyumba ya wazee, kwa hiyo nilitoka kwenda kazini na kurudi na alama ya barakoa puani. Mume wangu, mzee wangu nimwitavyo, ni mtu wa ofisi. Alifanyia kazi kwenye meza ya kulia chakula, shati la heshima juu, kaptura chini, akitazama nyumba za wakubwa wake kwenye mikutano ya kompyuta. Wakubwa hao hawaishi huku kwetu. Nyuma ya kila mmoja kulikuwa na dirisha, na nje ya dirisha vigogo vyeupe vimejipanga kama wahudumu wa hoteli.

"Umeiona ile miti?" aliniita siku moja nikipita na kapu la nguo.

"Nimeona mtu anaongea na wewe humsikilizi," nikamjibu.

Yeye hushikilia kwamba jambo hili lilianza na mama yake wala si na hao wakubwa. Mimi nasema lilianza na wakubwa, mama akaja kuwa sababu nzuri. Lakini ni kweli kwamba mama alikuwa anatukaa kooni. Visa yake ilikuwa tayari na tiketi imeshanunuliwa wakati Australia ilipofunga mipaka. Akabaki kijijini kwake, huko Kenya, na presha ya macho. Daktari alisema kilichokwisha kuliwa na ugonjwa hakirudi, na kilichobaki kinaliwa taratibu. Hakuwa amewahi kuiona nyumba yetu, wala kumbeba mtoto wetu hata mmoja. Kwa hiyo swali nyumbani kwetu lilikuwa moja: mipaka itafunguka kwanza, au macho yatafunga kwanza?

Alipopiga simu ya video aliishika karibu mno, tukawa tunaongea na sikio lake. Mimi na yeye huongea Kiswahili, maana lugha ya kwao na ya kwetu hazisalimiani.

"Siku hizi naona vitu vyeupe tu," alituambia jioni moja. "Kuku mweupe namwona. Yule mwekundu namkanyaga."

Alicheka mwenyewe, nami nikacheka naye. Mzee wangu hakucheka. Aliinuka akaenda kuagiza miti.

Mahali alipopataka palikuwa na managu yangu, mboga ya kwetu ya majani, pande zote mbili za njia ya kuingilia mlangoni. Mbegu niliipata kwa dada mmoja Mkongo wa mtaa wa Minto tunayesali naye. Jirani zetu Wazungu huyaita magugu, lakini jirani zetu hawajawahi kuyala na ugali. Mzee wangu aliyang'oa Jumamosi nikiwa kazini. Niliporudi nikakuta mashimo matatu, mawili upande huu wa njia na moja upande ule, na managu yangu yamelala kwenye toroli.

"Mama hajaomba mti," nilimwambia. Nilikuwa nimekasirika hata nikasahau kuvua viatu vya kazini. "Mama ameomba kuona watoto. Atakuja kuona watoto, na kula mboga. Sasa mboga iko wapi?"

"Watoto ni weusi," akasema. "Atawaonaje?"

Nikasukuma toroli mpaka mlango wa jikoni, nikaanza kuchambua majani.

Maduka ya miche yalikuwa yamefungiwa watu wa upande wetu wasiingie. Uliagiza kwa simu, ukaenda na gari, mtu mwenye barakoa akakufungulia buti na kukutupia ulichonunua. Hivyo ndivyo mzee wangu, mtu asiyenunua nyanya bila kuibonyeza, alivyonunua miti bila kuiona. Aliporudi alifungua buti polepole kama anayetoa zawadi. Ndani mlikuwa na fimbo tatu ndefu, hazina hata jani, na rangi yake ni ya kahawia.

Nilicheka mpaka nikakaa chini. Ningeweza kumnunulia mipini ya jembe kwa bei nafuu na yenye faida zaidi. Alipiga simu dukani palepale. Wakamweleza kwa upole kwamba mche wa mti huo huwa wa kahawia, gome jeupe huja ukikomaa, baada ya miaka.

"Dad, they're just babies," binti yetu mkubwa akamwambia kutoka mlangoni. "You have to wait."

"Mama hana miaka ya kungoja," akasema, akaingia ndani.

Kipya kinyemi ingawa kidonda. Aliipanda hivyo hivyo. Kila asubuhi kabla ya mkutano wake wa kwanza alitoka na kikombe cha chai kuikagua, kana kwamba imepata weupe usiku. Aliimwagilia, akaipa samadi ya kuku ya mfuko, akaifunga kwenye vigingi isiyumbe. Machipukizi yakatoka, kisha majani madogo ambayo wadudu walianza kuyanyonya kabla hayajakunjuka. Siku za jua kali kingo za majani ziliungua, maana huku kwetu magharibi joto halina adabu na mti huu ni wa nchi za theluji. Gome likabaki kahawia.

Ndipo akakumbuka shule ya msingi.

Aliyesoma Kenya anajua. Mgeni mkubwa akitarajiwa, awe mkaguzi, mkuu wa wilaya au mheshimiwa mwenyewe, kitu cha kwanza ni chokaa. Miti yote inapakwa kuanzia chini hadi kifuani, mawe ya kandokando ya njia nayo yanapakwa, na mwalimu mkuu anatembea katikati akiona sasa maendeleo yamefika. Dari ya darasa inavuja palepale, lakini nje ni kweupe. Mama mkwe mwenyewe aliitwa mara nyingi pamoja na wazazi wengine kupaka. Alikuwa akitusimulia kwa dharau, na dharau ni kitu tunachofanana, mimi na yeye. Wanapaka tangu alfajiri, kisha mgeni akikaribia wanasukumwa nyuma ya kamba, na gari linapita vioo vimefungwa. Vumbi lake linatua juu ya chokaa.

Basi mzee wangu akaagiza mfuko wa chokaa. Akaikoroga kwenye ndoo kwa maji na chumvi, maana bila chumvi chokaa haishiki, na hilo hakulisahau kwa miaka yote ya ofisini. Akapaka fimbo zake tatu, sio hadi kifuani tu, bali juu hadi mkono ulipofika. Chokaa ikabaki kwenye ndoo, akapaka na mawe.

Nilirudi kutoka kazini nikasimama barabarani. Nyumba yangu ilikuwa imegeuka kituo cha chifu. Watu waliokuwa wametoka kutembea, kwa sababu kutembea ndiyo starehe pekee iliyobaki, walipunguza mwendo mbele yetu. Jirani yetu, mzee mstaafu mwenye maoni kuhusu kila kitu, alikuja mpaka kwenye ua akasema eti babu yake alipaka michungwa hivyo isiungue na jua. Mzee wangu akanitazama kama mtu aliyeshinda kesi.

"Bado bendera," nikamwambia. "Na kwaya."

Halafu mvua zikaja. Mwaka ule ilinyesha mpaka mito ikavunja kingo zake, na kila mvua ilipokatika, miti ilikuwa ya kahawia tena na kwenye njia kuna uji mweupe. Naye kila ilipokatika alitoka na ndoo yake. Mipaka ikafunguliwa. Tukaomba visa upya, tukangoja, yeye akapaka, mvua ikaosha, akapaka. Nilimwambia mti gani huu unaohitaji vipodozi kuliko bibi harusi. Akaongeza chumvi kwenye ndoo. Kwenye simu mama hakutaja tena kuku mweupe, na hakuna kati yetu aliyethubutu kumuuliza.

Visa ilipotoka, mama alifika asubuhi moja, akisukumwa kwenye kiti cha magurudumu cha uwanja wa ndege. Watoto walipanga mstari. Alimshika kila mmoja uso kwa mikono miwili, akapitisha vidole kwenye paji na mashavu, akasema huyu ana pua ya marehemu babu yake. Alikuwa ametazama sehemu nyingine kabisa. Nilielewa, na mzee wangu akaelewa. Aliendesha gari mpaka nyumbani.

Alikuwa amepaka miti kabla ya kwenda kumpokea. Alimshusha mama yake, akamsimamisha mwanzo wa njia, akamshika kiwiko.

"Mama," akasema. "Kuna kitu unaona?"

Mama aliinua kichwa, akakizungusha polepole huku na huku, kama anayetafuta kituo cha redio kinachoshika. Kilizunguka kikapita miti. Kikarudi. Kikasimama.

"Naona chokaa," akasema.

Mzee wangu akashika mdomo.

"Hapa ni shuleni?"

"Ni nyumbani, Mama," nikamwambia.

"Sasa chokaa ya nini? Nani anakuja?"

Nilimngoja mume wangu ajibu. Miti ilikuwa yake, na mama alikuwa wake. Lakini machozi yalikuwa yamemziba, na mtu mzima anayelia amesimama kwenye njia ya simenti hawezi kutegemewa kwa lolote. Ikabidi niseme mimi.

"Ni wewe, Mama. Wewe ndiye unayekuja."

Mama akautoa mkono wa mwanawe kwenye kiwiko chake, akafunga kitambaa chake cha kichwa vizuri, akanyoosha mgongo. Kisha akaingia katikati ya ile miti, hatua ndogo ndogo, kidevu juu, akipunga mkono kushoto na kulia kama mheshimiwa. Hakukuwa na umati. Kulikuwa na jirani yetu tu, akiburuta pipa lake la taka, naye akasimama akampungia.