Bahasha ya Watu Wawili

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo hunirudia kila nishikapo kalamu. Ndiyo kwanza tumerudi Juba kutoka uhamishoni Uganda, nami natoka chuo kikuu Kampala na shahada mpya, na mwandiko ambao masista wa shuleni walikuwa wameunyoosha kwa miaka. Binamu yangu Wani alikuwa anaoa. Shangazi Kiden, aliyetulea sote, alinikalisha mezani nyumbani kwake mtaani Hai Mauna, akanikabidhi bahasha za mialiko niziandike majina ya waalikwa.

Nilipiga mistari ya penseli kwa wepesi, nikaandika kwa kalamu ya ncha pana, wino ukiwa mnene kalamu inaposhuka na mwembamba inapopanda. Wino ulipokauka, nikaifuta penseli. Wani akapita, akachungulia.

"Dada, ukiendelea hivi bibi harusi ataniacha, aolewe na bahasha."

Tulicheka. Lakini mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Nami nilianza kuzitazama herufi na kuwasahau watu.

Ujue kwamba mji wetu haukuwa na namba za nyumba. Bahasha ilibebwa mkononi, ikiulizia njia, na jina ndilo lililokuwa anwani yote. Ukilikosea, kadi hurudishwa, na aliyeirudisha haonekani harusini.

Nikafika kwenye jina la Mama Poni wa mtaa wa Sherikat, ng'ambo ya mto, jirani yetu wa tangu kambini Uganda. Mumewe, Bwana Loro, alitoka siku moja wakati wa vita kwenda kumtafuta ndugu yake, asirudi. Hakuna aliyeuona mwili. Miaka ilikuwa imepita mingi, na mimi msomi nilijiona najua hesabu ya miaka inasema nini. Nikachovya kalamu, nikatamka nilichotaka kuandika: "Familia ya Marehemu Loro."

Shangazi akanidaka mkono.

"Wewe umemzika?"

"Hapana, Shangazi."

"Kaburi iko wapi?"

"Lakini Shangazi, kila mtu anajua..."

"Kila mtu! Kila mtu iko na bwana yake nyumbani. Chukua kalamu, enda umwulize mwenye bwana."

Adhabu ya kaburi aijuaye maiti, wasema wahenga, na hapa hata kaburi halikuwapo. Nilivuka daraja na bahasha tupu, kalamu na wino mkobani, nikitamani safari iwe ndefu zaidi.

Nilimkuta Mama Poni akichambua karanga. Nilipomweleza kilichonileta, mikono yake ilisimama.

"Mji mzima umeshaamua habari ya Loro," akasema. "Wengine wananiletea pole sokoni, wengine wananiletea wachumba. Wewe ndiye wa kwanza kuniuliza."

"Niandike vipi, Mama?"

"Andika sisi wawili. Yeye mbele. Na ile neno ya kufa usiweke."

Niliandika juu ya kifuniko cha sanduku lake la nguo: Bwana Loro na Mama Poni. Akaupuliza wino kama anayempozea mtoto uji, kisha akageukia ukutani, nami nikaondoka bila kuaga vizuri.

Siku ya harusi alikuja. Alikaa, akaiweka bahasha ile juu ya kiti kilichokuwa ubavuni mwake. Kijana aliyekuwa akipanga wageni akamwinamia.

"Mama, malesh, samahani. Kiti hii iko na mtu?"

"Iko na mtu."

Kijana akaenda kutafuta kiti kingine.

Tangu hapo, kila harusi ya ukoo wetu, niliandika bahasha yake kwa majina mawili, na kila mara alikuja peke yake. Mkono ulizoea, moyo haukuzoea. Huenda tulimsaidia kungoja. Huenda pia tulimchelewesha kulia. Nimelifikiria jambo hili hadi nywele zangu zimeingia mvi.

Msimu wa mvua uliopita aliugua, akaniita kitandani pake.

"Sasa utaniandikia ya mwisho," akasema. "Ile ya msalaba."

"Nyinyi wawili, Mama?"

Alifumba macho.

"Mimi peke yangu," akasema. "Yeye bado hajafika."

Alipofariki, niliandika jina lake peke yake, mara ya kwanza na ya mwisho. Nilikuwa nimepiga mistari miwili ya penseli juu ya ubao wa msalaba kwa mazoea. Wa juu niliuandika. Wa chini sikuuandika, wala sikuufuta.

Mwanangu, siku hizi mialiko hupita kwenye simu, na simu huyajaza majina yenyewe. Sikulaumu, zama zina watu wake. Nasaha yangu ni moja: kabla hujamwita mtu mjane, yatima au mkimbizi, kabla hujaupa msiba wake jina, nenda ukamwulize. Vuka daraja kwa miguu yako. Kuuliza si ujinga, na mwandiko mzuri hauwezi kuponya jina lililoandikwa bila ridhaa ya mwenyewe.

Mungu aunyooshe mkono wako na aulainishe ulimi wako. Siku utakapobeba jambo lisilo na jina, akuletee mtu wa kukuuliza. Na hao unaowangoja, mwanangu, awafikishe.