Siku Niliyodaka kwa Nguvu Kumi na Sita

Ilikuwa ule mwaka mvua ya El Niño iliozesha viazi shambani, tukala nduma asubuhi, nduma mchana, nduma jioni, mpaka mbwa akakataa. Na aibu niliyopata mwaka huo niliitafuta mwenyewe, simsingizii mtu.

Mjukuu wangu Wangui (ni wajina wangu, na kichwa pia alitoa kwangu, hata kama mimi shule niliachia darasa la pili) alikuwa amemaliza kusoma kompyuta Nyeri mjini. Pale chuoni kulikuwa na mchezo mzee wa mpira wa kuchezea kwenye kompyuta, wachezaji wake wote walistaafu zamani, na huyu msichana akakaa chini akatengeneza programu yake mwenyewe ya kuufungua, unaingiza majina mapya na nguvu za kila mtu, kutoka sifuri mpaka kumi na tano. Mwalimu mkuu akamwambia, onyesha wazazi Jumamosi, ikienda vizuri utabaki hapa kufundisha.

Ijumaa nikampitia chuoni, akaniweka golikipa, nguvu kumi na tano.

"Ongeza moja," nikasema.

"Cucu, hapo ndiyo mwisho."

"Mwisho ya nani? Mimi nauza maharagwe Karatina, kopo la gorogoro likijaa lazima niongeze ya juu. Ama unataka watu waseme Wangui anapunja?"

Akacheka, akaandika kumi na sita, kompyuta ikakubali bila kelele.

Jumamosi ukumbi umejaa, mimi niko mbele na kitambaa kipya kichwani, nimeleta wenzangu wote wa sokoni. Mpira ukaanza. WANGUI akatokea golini, mwanaume wa ndevu (hiyo nilisamehe), na mpira wa kwanza ukampita polepole kama kondoo anaenda kunywa maji, yeye amesimama tu. Wa pili. Wa tano. Mama Njeri, jirani yangu wa sokoni, akapiga kelele, "Wangui, daka hata moja! Ama umelewa?" Watu wakacheka mpaka viti vikalia, mwalimu mkuu akakunja mikono, nami nikaona kazi ya mtoto inaenda hivyo kwa sababu ya mdomo wangu.

Nikasimama. "Ni mimi nilimlazimisha aongeze!"

Wangui akasimamisha mchezo, akaeleza watu kwamba pale ndani hakuna nafasi ya kupita kumi na tano, ukizidisha yote inamwagika unabaki na sifuri, na kosa ni lake, hakuweka kizuizi. Halafu papo hapo, macho yote yakimtazama, akaandika mistari miwili, akajaribu kumi na sita tena, programu ikakataa katakata.

Mwalimu mkuu akakunjua mikono. "Jumatatu uje mapema. Darasa ni lako."

Nilipiga ngemi tano, vigelegele vya kwetu, moja kwa kila goli nililofungwa! Na tangu hapo, mwenye kazi akiniambia hapa ndiyo mwisho, naamini.

Lakini huyo mwalimu akaja kuniomba, kwa heshima, ati jina langu litolewe kwenye mchezo kabla wageni wengine hawajaona.

"Mimi sitoki golini."

Akadhani natania. "Hata ukae benchi kidogo, mama?"

"Mimi sitoki golini."